Mwamuzi wa Rufaa Asiwe na Upande



Mfanyakazi aliyeachishwa kazi anapokata rufaa, hana mengi mkononi mwake. Mshahara umekatika, karo ya watoto haingoji, na mwajiri ndiye mwenye majalada na wanasheria. Tumaini linalobaki ni kwamba atakayelisikiliza shauri lake mara ya pili hana upande. Tumaini hilo likivunjika, rufaa yabaki jina tu. Ndiyo maana wahenga walituonya tusimpelekee ngedere kesi ya nyani.

Historia ya Tanzania yatufundisha. Chini ya sheria ya usalama wa ajira ya mwaka 1964, mfanyakazi aliyefukuzwa alipeleka malalamiko yake kwenye Baraza la Usuluhishi. Asiporidhika, alikata rufaa kwa Waziri wa Kazi, ambaye uamuzi wake ulihesabiwa kuwa wa mwisho. Baada ya Azimio la Arusha la mwaka 1967, mabenki, viwanda na mashamba mengi makubwa yakawa mali ya umma. Basi Waziri alijikuta akiamua kati ya mfanyakazi na shirika la Serikali ile ile aliyoitumikia. Hatusemi kwamba mawaziri walipotosha haki. Twasema kwamba hata waziri mnyofu aliwekwa mahali ambapo ilikuwa vigumu kwa mnyonge kumwamini.

Sheria za kazi za mwaka 2004 zilibadili utaratibu huo. Leo shauri hufikishwa kwenye Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Asiyeridhika na tuzo ya mwamuzi ana majuma sita ya kuiomba Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi, iitengue. Na kutoka hapo hoja za kisheria zaweza kufika Mahakama ya Rufani. Kanuni za maadili za mwaka 2007 zawataka wasuluhishi na waamuzi watangaze uhusiano au maslahi yanayoweza kuwaelemeza upande mmoja.

Lakini mashauri mengi huanza, na mengine huzimwa, kabla ya kufika Tume. Hapo Kanisa nalo laguswa, maana sisi tu waajiri: tuna shule, zahanati, hospitali na nyumba za mapadre. Paroko akimwachisha kazi mpishi au mwalimu, kisha rufaa ikasikilizwa na kamati ambayo mwenyekiti wake ni paroko yule yule, je, huyo amesikilizwa? Wapo watakaosema kwamba parokia ni familia, na mambo ya familia humalizwa nyumbani. Ni kweli, patano ni jema. Lakini familia inayomtaka mdogo anyamaze ili mkubwa asiaibike haijapatana. Imeficha jeraha tu. Kanzu haimwondolei mtu udhaifu wa kupenda uamuzi wake mwenyewe.

Kwa hiyo twapendekeza mambo manne. Aliyeamua kumwachisha mtu kazi asikae katika kikao cha rufaa. Kila mjumbe atangaze kabla ya kikao udugu, deni au biashara aliyo nayo na upande wowote, na jambo hilo liandikwe katika muhtasari. Mfanyakazi aruhusiwe kumkataa mjumbe kwa sababu ya haki, na kuja na mwenzake wa kumsaidia kusema. Tena aelezwe mapema kwamba anazo siku 30 za kufikisha shauri Tume, tangu kuachishwa kazi au tangu uamuzi wa mwisho wa mwajiri, asije akacheleweshwa kwa ahadi hadi mlango ufungwe.

Yethro alipomshauri Musa kuhusu waamuzi wa watu, alimtaka achague wanaomcha Mungu na kuchukia mapato ya udhalimu. Nao Maaskofu katika Sinodi ya mwaka 1971 walikumbusha kwamba anayethubutu kuwahubiria watu haki hana budi kwanza yeye mwenyewe kuonekana mwenye haki machoni pao. Halmashauri za parokia zisingoje barua kutoka jimboni. Kikao kijacho chaweza kuyapitisha mambo haya manne.