Usikodi Kimono kwa Ajili ya Picha

Mimi ni fundi cherehani wa Tanga, na nguo za watu nimezikata muda mrefu kuliko nilivyosafiri. Anayetaka simulizi za treni za Japani amsubiri msafiri mwingine. Mimi nina swali moja kwa kila nguo inayopita mezani kwangu: mvaaji atafanya nini akishaivaa? Kanzu itasujudu, sare ya shule itakimbia, gauni la bibi harusi litakalia kiti usiku kucha na halitakiwi kukunjamana. Ndiyo maana mgeni anayefika Kyoto, akakodi kimono asubuhi, akapigwa picha mbele ya hekalu la Kiyomizu na kuirudisha kabla ya magharibi, namwona amepoteza hela. Amevaa nguo akainyima kazi.

Mitaa inayopanda kwenda hekaluni imejaa maduka ya kukodisha. Kwa yeni 4,000 hivi unachagua, unavishwa, unachomekwa ua kichwani, unaachiwa njia. Binti yangu, anayesoma Nagoya, alinipeleka huko kwa sababu kila mgeni hupelekwa huko. Nilishika vitambaa kimoja baada ya kingine: poliesta. Mikanda mingine fundo lake limekwisha kushonwa tangu mwanzo, linapachikwa tu mgongoni. Siwalaumu wenye maduka. Hariri ya Nishijin, mtaa wa wafumaji katika jiji hilohilo, haiwezi kukodishwa kwa bei hiyo kwa watu wanaotembea na aiskrimu mkononi. Lakini mfumaji wa Nishijin naye hapati kitu katika biashara hiyo, na mgeni anaondoka akidhani ameijua kimono.

Kimono yenyewe, ukimpa fundi aikague, itamtia wivu. Jora lake lina upana wa sentimita 36 hivi na urefu wa mita 12, na nguo nzima hutoka humo kwa kukata mistari iliyonyooka: pande mbili za mwili, mikono miwili, vipande vya mbele, kola. Hakuna kuchonga kwapa. Hata shingoni kitambaa hakiondolewi. Kinachanwa kidogo na kukunjwa ndani. Ikichakaa, inafumuliwa, vipande vinaunganishwa tena kuwa jora, vinafuliwa, pengine kutiwa rangi mpya, kisha anashonewa mtoto au mjukuu. Mimi kila jioni nafagia mfuko mzima wa vipande visivyofaa hata kutengenezea kishika sufuria.

Na kipimo hakiishii kwenye futi. Nguo inakutanishwa na mwili wakati wa kuvaa, kwa kukunja kiunoni na kufunga kamba juu ya kamba. Hapo ndipo nilipotiwa adabu. Sisi wanawake wa pwani mtu akijaliwa umbo hushonewa nguo ya kulionyesha. Bibi mmoja rafiki wa mwenye nyumba wa binti yangu, aliyejitolea kunivisha yukata, ile kimono nyepesi ya pamba ya kiangazi, alinizunguka, akacheka, akaenda kuleta mataulo. Kiuno changu kikajazwa mpaka nikanyooka kama gogo la mnazi. Kwao mstari mnyoofu ndio uzuri. Upande wa kushoto ukaja juu ya wa kulia, na hapo hakuna mjadala, kwa sababu kinyume chake ndivyo anavyovishwa maiti. Kola akaivuta nyuma ili kisogo kionekane. Nikamwonyesha mtandio wangu, kwamba huu haubanduki. Akaufikiria kidogo, akaingia ndani, akatoka na mkanda mwingine unaoendana na rangi ya mtandio. Huyo ndiye fundi.

Niliponyoosha mikono nikagundua kitu ambacho picha haisemi: mkono wa kimono ya kike huachwa wazi chini ya kwapa. Kiuno kimefungwa kwelikweli, pindo linakulazimisha hatua fupi, lakini mikono inapanda juu bila nguo kuvutika. Nilipoiona ngoma ya Wajapani ndipo nilipoelewa.

Watu wengi huitafuta ngoma hiyo Gion, mtaa wa Kyoto wa geiko, wanawake ambao ngoma na nyimbo ndiyo kazi yao, na wanagenzi wao, maiko. Msichana huanza akiwa na miaka 15 au 16, na kwa miaka kama mitano anafundishwa kucheza, kuimba, kukaa na wageni. Jioni hutoka kwenda kazini, mkanda wake mrefu ukining'inia mgongoni, juu ya viatu vya mbao virefu. Na pale njiani watalii wanamvizia na simu. Wengine humkimbilia. Mwaka 2019 wakazi waliweka mabango ya kukataza picha katika vichochoro vya watu binafsi, faini yeni 10,000; mwaka 2024 wakaamua kuvifunga kwa watalii. Walichelewa. Fikiria muuguzi wa zamu ya usiku anazuiwa njiani na watu ishirini wanaotaka picha ya sare yake.

Kuna pia studio zinazompaka mgeni rangi nyeupe usoni na kumvisha kama maiko mzima. Hilo silipendi, na sioni haya kulisema. Kimono ni nguo ya mtu yeyote; vazi la maiko ni kazi ya mtu.

Hata hivyo, wanaosema utalii ndio umeharibu kila kitu hawajaiuliza historia ya Gion yenyewe. Mfalme alipohamia Tokyo mwaka 1869, Kyoto ilibaki na maduka matupu na hofu ya kusahaulika. Mwaka 1872 jiji likafanya maonyesho makubwa ya kuvuta watu, na Gion ikaandaa Miyako Odori, ngoma ya jukwaani iliyopangwa na Inoue Yachiyo wa tatu, mkuu wa chuo cha ngoma cha mtaa huo. Ilitungwa kwa ajili ya wageni tangu siku ya kwanza, na mpaka leo huchezwa kila Aprili. Tiketi inauzwa kwa yeyote. Kwa hiyo anayetaka kuwaona maiko, mlango upo: anunue kiti, akae, atazame mikono inavyosema huku uso umetulia kabisa. Uchochoroni anatafuta nini?

Upande wa pili wapo wanaotaka mgeni asiiguse kimono kamwe. Mwaka 2015 jumba la makumbusho la Boston liliwaalika watu kujaribu kimono mbele ya mchoro wa Monet, mchoraji Mfaransa, wa mwanamke aliyevaa kimono. Vijana wakaandamana, zoezi likasitishwa. Kimono ile ilikuwa imetengenezwa kwa mpango wa NHK, shirika la utangazaji la Japani yenyewe, nchi ambako mchoro ule ulitembezwa kwanza. Kim Kardashian, nyota wa televisheni wa Marekani, alipotaka kuziita nguo zake za ndani Kimono mwaka 2019, hapo meya wa Kyoto aliandika barua ya kumsihi aache, na jina likabadilishwa. Naona meya alijua tofauti. Kuvaa ni jambo moja, kulimiliki jina ni jingine. Nasi tusijifanye wageni katika kesi hii: baada ya vita vikuu viwanda vya Japani vilichapa kanga kwa ajili ya pwani yetu, doti nyingi sana, na sikumbuki bibi yeyote wa Tanga akiuliza Mjapani kapewa ruhusa na nani. Walichouliza ni kama rangi inachuja.

Mahali ambapo yukata yangu ilipata kazi ni Gujo Hachiman, mji mdogo milimani katika mkoa wa Gifu. Huko hucheza tangu katikati ya Julai hadi mapema Septemba, zaidi ya usiku thelathini, na kuanzia tarehe 13 hadi 16 Agosti wanakesha hadi alfajiri, kwa kuwa ndizo siku za Obon, za kuwakumbuka waliotangulia. Inasimuliwa kuwa bwana mmoja wa ngome ya pale, karne nyingi zilizopita, alihimiza watu wa kila tabaka wacheze duara moja. UNESCO iliitambua mwaka 2022 pamoja na ngoma nyingine za aina yake.

Jukwaa hakuna. Wapiga shamisen, filimbi na ngoma wamekaa katika kibanda cha mbao katikati ya barabara, na watu wanawazunguka: mama mkwe, mwenye duka la dawa, watoto, wanafunzi wa Kibrazili, mimi. Hakuna aliyeniuliza natoka wapi. Unajipanga nyuma ya mtu anayejua, unamwiga miguu. Katika ngoma iitwayo Harukoma unashika hatamu za farasi asiyekuwepo na kurusha mguu, na mamia ya viatu vya mbao vinagonga lami kwa pamoja. Mikono ikapanda, mataulo yakashika mahali pake, pindo likanifundisha ukubwa wa hatua. Nikacheka peke yangu: kumbe bibi yule alijua. Kuna usiku waamuzi hupita wakichagua wanaocheza vizuri na kuwapa kibao cha sifa. Mimi walinipita bila kusita, na walikuwa sahihi.

Kwa swahiba zangu wa madrasa waliouliza kuhusu mizimu: nilikwenda usiku usio wa Obon, nikacheza ngoma, nikaswali isha yangu mapema. Kila mtu na nia yake.

Anayetaka kwenda, basi la kutoka Nagoya huchukua saa moja na nusu hivi. Chumba kitafutwe mapema, maana mji ni mdogo na Agosti hujaa. Yukata ya mtumba inapatikana kwa bei isiyozidi sana ile ya kukodi ya Kyoto, na inabaki yako. Viatu vya mbao nunua palepale Gujo, wanavitengeneza kwa ajili ya kugonga lami; chagua vinavyobana kidogo, kamba hulegea. Na ubebe plasta, kwa sababu ngozi iliyo kati ya kidole gumba cha mguu na cha pili itachubuka kabla ya ngoma ya tatu.