Karata Hazijui Aliko Mtu



Muhula uliopita palitokea ugomvi bwenini kwetu. Mwenzetu mmoja alirudi likizo na karata, na mara tukagawanyika. Wengine walisema ni mchezo tu kama bao. Wengine, na hao ndio waliokuwa wengi, walisema karata zina siri: wale waliochorwa ni mashetani, shupaza ni mauti, na mwenye elimu akizitandaza aweza kuona yaliyofichika. Karata zikachomwa moto, na neno likaisha. Mimi sikunena kitu siku ile. Leo nataka kunena, maana nadhani tulichoma kitu kisicho na kosa, na uongo wenyewe tukauacha mzima.

Kwetu Mbau, kabla ya vita, wazee walikuwa wakicheza karata alasiri chini ya mwembe. Nilipokuwa mtoto nilimwuliza babu kwa nini jani jeusi huitwa shupaza na moyo mwekundu huitwa kopa. Akacheka, akasema ndivyo alivyoyakuta. Jibu lake liko katika Kireno. Espadas ni panga, copas ni vikombe, ouros ni dhahabu, ndiyo uru yetu, na paus ni fimbo. Karata za zamani za Wareno zilichorwa vitu hivyo hasa. Baadaye zikaenea karata za michoro ya Kifaransa, ambazo ni rahisi kuchapa, lakini Mreno hakubadili majina, wala sisi hatukubadili. Basi tunataja panga na kushika jani.

Na Mreno naye aliazima. Katika jumba la Topkapi, mjini Istanbul, ziko karata za kale za Wamamluki wa Misri. Zina vikombe, dinari, panga, na fimbo za mchezo wa mpira wa kupanda farasi. Watu wa Ulaya hawakuujua mchezo huo, hivyo fimbo zile wakazigeuza kuwa rungu na magongo. Karata za wakubwa hazina sura ya mtu hata mmoja; yameandikwa tu majina ya vyeo: mfalme, naibu, na naibu wa pili. Naibu ni neno letu la kila siku, na ndilo lililozaa naipes ya Wahispania na naipe ya Wareno. Mwaka wa 1377 mji wa Florence ulikwisha kuupiga marufuku mchezo huo mpya. Basi ndugu zangu Wakristo wasemao karata ni uchawi wa Waarabu, na ndugu zangu Waislamu wasemao ni ushetani wa Wazungu, wote wawili wapumzike kidogo.

Tena liko jambo la mzungu wa nne. Rafiki yangu mmoja aliapa kwamba hilo ni jina la jini. Sivyo. Katika mchezo tulioupokea kwa Wareno, ree ni alama 11, saba ni 10, mfalme 4, askari 3, na bibi 2. Mfalme ni mzungu wa nne kwa kuwa ana alama nne, basi. Jumlisha rangi moja upate 30, rangi zote nne 120. Mwenye 61 amekwisha kushinda, na ndiyo maana ya wahedi wa sitini. Hata bibi kuwa chini ya askari si fumbo: katika karata za kale za Wareno mdogo wa wakubwa alikuwa mwanamke, na juu yake alikuwa mpanda farasi. Wareno hao hao walizifikisha karata Japani, na Wajapani huziita karuta. Nimefurahi sana kujua kwamba tuna ndugu wa neno mbali hivyo.

Sasa turufu. Neno hili twalipata katika trunfo ya Wareno, na asili yake ni trionfo ya Kiitalia, yaani ushindi. Katika miaka ya 1440 wakubwa wa Milan na Ferrara waliongeza karata za picha juu ya zile za kawaida, ziwe za kushindia nyingine. Huo ndio mchezo wa tarot, wenye karata 78. Ulichezwa zaidi ya miaka mia tatu kama mchezo. Mwaka wa 1781 mtu wa Paris, Antoine Court de Gébelin, akaandika kwamba picha zile ni kitabu cha siri cha makuhani wa Misri. Wakati huo hapakuwa na mtu duniani aliyeweza kusoma maandishi ya Misri ya kale. Champollion aliyafumbua mwaka wa 1822. Hata hivyo watu walimsadiki, na mwingine, Etteilla, akafanya kazi ya kuwapigia ramli kwa karata hizo. Biashara ile haijafungwa hata leo.

Nasema biashara kwa kuwa nimeiona. Vita vilivyoanza Mocímboa da Praia Oktoba 2017 vilitutawanya, na mwaka wa 2021 tulikuwa wakimbizi Pemba. Jirani yetu, mama mtu mzima, mwanawe alichukuliwa njiani. Akaja mtu na karata zilizochakaa. Akazitandaza juu ya mkeka, akainua mzungu wa nne wa shupaza, akasema, "Huyu ndiye mwanao, mama. Yu hai, lakini amefungwa na giza. Lete fedha nilifungue." Mama akauza mchele wa msaada. Akalipa mara ya kwanza, akalipa na mara ya pili.

Aya ya 90 ya Sura ya Maida yataja kamari na mishale ya kupigia ramli mahali pamoja. Katekisimu ya Kanisa yakataza ramli kabisa. Mchezo wa kubahatisha yaukataza hasa pale umnyang'anyapo mtu riziki yake. Sioni popote palipoandikwa tuchome karatasi tumwache mpiga ramli. Nanyi wenzangu mliozichoma, mlikuwa mkisema maneno yale yale aliyomwambia mama yule.

Mara ya tatu mama alinijia. "Mwanangu, wewe msomi, nimpe?" Nikamwambia asimpe. Akaniuliza, "Basi nifanye nini?" Sikuwa na jibu. Shangazi yangu ndiye aliyetuambia kwamba Msalaba Mwekundu huandika majina ya waliopotea bila malipo. Tukaenda. Karani akauliza jina la kijana, jina la baba yake, kijiji, na siku alipoonekana mara ya mwisho. Mama akajibu yote, ila siku hakuikumbuka sawasawa. Alikumbuka tu kwamba ilikuwa mvua na kwamba alikuwa amevaa shati la shule.