Malimbikizo ya Likizo: Stahili au Hisani?

Katika mabishano ya kisheria, mara nyingi neno hutangulia hukumu. Jambo hili linadhihirika nchini India, ambako watumishi wa vyuo vikuu hufika mahakamani kudai malipo ya siku za likizo walizozilimbikiza hadi kustaafu. Mdai husema anadai stahili yake. Mwajiri hujibu kana kwamba ameombwa hisani. Makala haya yanatetea msimamo wa mdai.

Hoja ya kwanza imo katika hesabu yenyewe. Kanuni za mwaka 2018 za tume inayosimamia ruzuku za vyuo vikuu nchini humo zinampa mwalimu likizo hiyo kwa kiwango cha siku 1 kwa kila siku 30 za utumishi, vikiwamo vipindi ambavyo chuo kimefungwa. Akitakiwa kufanya kazi katika vipindi hivyo, huongezewa theluthi moja ya muda alioutumikia. Kwa hiyo, aliyebaki kusahihisha mitihani kwa siku 30, ilhali wenzake wamekwenda makwao, huongezewa siku 10. Limbikizo haliruhusiwi kuzidi siku 300. Ni dhahiri kwamba likizo ya namna hii haigawiwi bali hufanyiwa kazi.

Wapo wanaopinga kwa kusema kwamba mwalimu hupumzika vya kutosha chuo kinapofungwa. Hoja hiyo inasahau kwamba mapumziko hayo yamekwisha kutolewa katika hesabu. Mtumishi wa kawaida wa serikali kuu ya India hupata siku 30 za likizo hiyo kwa mwaka, wakati mwalimu, kwa kiwango kilichotajwa, hupata takriban siku 12. Kumnyima malipo ya hizo chache kwa sababu hiyo hiyo ni kumkata mara mbili.

Hoja ya pili ni ya kisheria. Mwaka 2013 Mahakama Kuu Kabisa ya India iliamua shauri kati ya Jimbo la Jharkhand na mtumishi wake mstaafu, ambaye sehemu ya pensheni yake na malipo ya likizo yalikuwa yamezuiliwa kwa sababu ya mashtaka yaliyokuwa hayajamalizika. Mahakama ilieleza kwamba mafao ya namna hiyo si fadhila, ni mali ya mtumishi inayolindwa na ibara ya 300A ya Katiba, na kwamba agizo la utawala lisilo na nguvu ya sheria haliwezi kumpokonya. Ingawa mdai huyo hakuwa mtumishi wa chuo kikuu, mantiki ya uamuzi inawahusu wote.

Ni kweli kwamba likizo imewekwa kwa ajili ya kupumzika, na kwamba malipo yaweza kumshawishi mtu auze mapumziko yake. Hata hivyo, kwa aliyekwisha kustaafu mapumziko hayo hayawezekani tena. Kilichobaki ni thamani yake tu, na thamani hiyo mwajiri amekwisha kuifaidi.

Suala hili linawagusa pia wanaisimu wa Kiswahili. Tangu mwaka 2021 sheria ya Tanzania inataka Kiswahili kiwe lugha ya sheria na ya mahakama, hivyo wafasiri wanapaswa kuchagua majina ya stahili za wafanyakazi. Neno "posho" au "kiinua mgongo" likitumika hapa, litamfanya mdai aonekane mwombaji. Kiswahili tayari kina kitenzi kinachofaa: kulimbika ni kuyaacha maji yajikusanye kisimani ili yatekwe baadaye. Aliyelimbika ndiye mwenye kuteka. Istilahi "malipo ya malimbikizo ya likizo" inaibeba maana hiyo kikamilifu, nayo ndiyo inayostahili kuandikwa katika sheria na katika mikataba ya vyuo vikuu, kabla mzozo haujafika mbele ya hakimu.