Nabwana wa Wakaliga na filamu iliyofutwa

ISAAC Nabwana, aliyewahi kufyatua matofali katika mtaa wa mabanda wa Wakaliga, Kampala, huandika, huelekeza, hupiga picha na kuhariri filamu zake mwenyewe. Ndivyo alivyoiunda ‘Who Killed Captain Alex?’ mwaka 2010, kwa gharama inayosemekana haikufika dola 200.

Uhodari huo wastahili sifa. Hata hivyo, kompyuta ilipojaa, ilimbidi aifute filamu asilia ili apate nafasi ya kuandaa nyingine. Iliyosalia ni nakala yenye sauti ya VJ Emmie, msimulizi asiyekoma kufanya mzaha. Watazamaji wa ughaibuni humshangilia, nao ni masalio wanayotazama. Kwingineko, kuhifadhi filamu ni jukumu la taasisi za umma. Wakaliga, hata hilo aliachiwa Nabwana.