Udongo wa Watu Si wa Bure

Tarehe 1 Julai 1885 Bula Matari aliandika sheria: udongo usio na mwenyewe ni wake. Nani aliulizwa? Mashamba yaliyopumzishwa, pori la kuwinda, vyote viliitwa udongo wa bure. Huku Katanga, tangu 1900, Comité Spécial du Katanga ikaugawanya kwa makampuni na wazungu. Lakini buku la kodi liliwahesabu wanaume wa vijiji vilevile, mmoja mmoja! Kwa kulipa, watu wapo. Kwa udongo, hawapo.

Tukapata Uhuru 1960. Sheria ya 20 Julai 1973 ikasema udongo wote ni wa Serikali. Haki za wanakijiji zingepangwa na ordonansi ya Rais. Miaka ikapita, wazee wakafa wakiingoja. Tena sheria hiyo iliweka kwamba cheti cha udongo kikimaliza miaka miwili, tribinali isikivunje. Mwanakijiji atajuaje karatasi iliyoandikwa mjini?

Sisi makarani tunajua: buku likikosewa, anayelishika ndiye anasahihisha. Kwa nini mzee auze mbuzi zake kumlipa avoka? Tunadai konservateri aende kwanza kijijini, apime mipaka mbele ya wazee, ndipo aandike.