Intaneti ikizubaa, usikimbilie kununua bando jingine

Jumapili ya tarehe 12 Mei 2024 intaneti ilizorota Tanzania, Kenya, Uganda na nchi nyingine za jirani kwa wakati mmoja. Mikongo miwili iliyo chini ya bahari, EASSy na Seacom, ilikuwa imekatika upande wa kusini, kati ya Msumbiji na Afrika Kusini. Njia ya kaskazini, inayopita Bahari ya Shamu, nayo ilikuwa na mikongo iliyoharibika tangu mapema mwaka huo. Mawasiliano yakabanana kwenye njia chache zilizobaki.

Siku kama hiyo bando jipya halisaidii kitu. Lakini kila mtandao unapozubaa, yupo msikilizaji anayenunua la pili akidhani la kwanza limekwisha. Kabla hujatoa hela, angalia salio la bando, kisha muulize jirani anayetumia mtandao mwingine. Kama na yeye amekwama, tatizo huenda liko mbali. Usipime kwa menyu ya pesa ya nyota na reli, maana ile haitumii intaneti kabisa.

Kama ni laini yako tu, tazama juu ya kioo cha simu. Ukiona herufi E au H badala ya 4G, umeshushwa kwenye teknolojia ya zamani. Wakati mwingine vijiti vimejaa na bado video haifunguki. Vijiti vinaonyesha nguvu ya mawimbi ya mnara, havionyeshi watu wangapi wanagawana mnara huo. Ndiyo maana vijijini saa mbili usiku huwa nzito na alfajiri huwa nyepesi.

Wenye ruta nyumbani, shuleni au dukani wana kipimo kizuri zaidi: chomeka waya kutoka kwenye ruta hadi kwenye kompyuta. Waya ukienda kasi na waifai ikasuasua, kosa liko ndani ya nyumba. Mara nyingi ruta imefichwa nyuma ya televisheni au kabatini. Itoe, iweke juu, mahali pa wazi. Masafa ya gigahezi 5 yana kasi lakini hayapendi kuta za tofali. Chumba cha mbali tumia 2.4. Waya nao ukisuasua, mpigie aliyekuunganishia.

Angalia pia ulichonunua. Kifurushi cha 20 kinahesabiwa kwa megabiti, na megabaiti moja ni megabiti nane, kwa hiyo unapata megabaiti 2.5 kwa sekunde. Faili la megabaiti 100 litachukua sekunde 40, na hapo hujaibiwa.

Kwa maoni yetu, kampuni inayoweza kututumia ujumbe wa ofa asubuhi na jioni inaweza pia kutuma ujumbe kwamba mkongo umekatika. Isipofanya hivyo, andika tarehe, saa na kasi uliyopima, uilalamikie kampuni kwanza. Ikikupuuza, peleka malalamiko TCRA.