Waigizaji Wasio na Majina

Kati ya mwaka 1935 na 1937, huko Vugiri, Tanganyika, Notcutt na Latham walitengeneza filamu zipatazo 35 za kuwafunza Waafrika kilimo, afya na kuweka akiba posta. Zilizungushwa hadi hapa Kenya. Vitabu vyawataja mabwana hao. Je, Waafrika walioziigiza? Sisi walimu hatuwataji darasani.

Hapa Salgaa, madereva wa malori hupigwa picha ajali zitokeapo, lakini majina yao ni nadra kusikika. Naona kosa ni lile lile: mfanyakazi hugeuzwa funzo, akasahauliwa kuwa ni mtu.

Enyi wanafunzi, muonyeshwapo filamu ya kazi, ulizeni jina la aifanyaye. Nasi walimu tulitafute jibu.